Ganzi Mbili: Bega la Katavi na Jeraha Lisiloonekana

Miaka mitatu iliyopita niliteleza ngazini, nikavunjika mfupa wa mkono wa kuume juu kidogo ya kiwiko. Siku ya upasuaji mtaalamu wa usingizi alinieleza kwa upole kwamba hatanilaza. Angenichoma sindano moja juu ya mtulinga, mahali ambapo mishipa ya fahamu ya mkono mzima hupita ikiwa imekusanyika kama nyuzi za kamba, kisha mkono ungelala peke yake nami nikabaki macho. Baada ya dakika ishirini hivi niliambiwa niunyanyue. Niliuamuru, haukunisikia. Niliutazama ukihamishwa na muuguzi kutoka upande mmja wa kitanda hadi mwingine, nikaona ni mkono wa mtu mwingine uliosahauliwa kando yangu. Usiku, yapata saa nne, kidole gumba kikacheza. Sioni haya kusema kwamba machozi yalinitoka.

Ninayaandika haya kwa sababu ya mpwa wangu. Yeye ni kijana wa Mpanda, alikuwa dereva wa bodaboda, na siku moja katika barabara iendayo Sitalike alimkwepa ng'ombe, pikipiki ikamrusha, akaangukia bega la kushoto huku kichwa kikivutwa upande wa pili. Mtulinga ulivunjika. Katika kituo alichopelekwa, ambacho sitakitaja, walimfunga kitambaa shingoni, wakampa dawa za maumivu, wakamwambia asubiri mfupa uunge. Mfupa uliunga kwa wiki sita, kama mifupa ya vijana inavyounga. Mkono haukurudi. Ulining'inia tu. Aliambiwa ni uvimbe, kisha akaambiwa ni uvivu wa mazoezi, na jirani mmoja akamwambia ni jini. Ilipita miezi kumi na mmoja kabla ya daktari mmoja kumwomba afumbe macho, akamchoma kwa pini kuanzia begani hadi viganjani, akanyamaza.

Ganzi yangu ilidumu saa kumi. Ganzi yake haina mwisho unaojulikana. Zote mbili zilianzia mahali pamoja mwilini, katika eneo lisilozidi upana wa kiganja. Kwa kuwa kazi yangu ni kufundisha historia, si tiba, nilijikuta nikiuliza swali la kazi yangu: mabega ya watu wa nchi hii ya Katavi yamebeba nini, na nani aliandika yalipoumia?

Kwanza mwili wenyewe, kwa ufupi. Mishipa inayoupa mkono nguvu na hisia hutoka katika uti wa mgongo kwa mizizi mitano, minne ya shingoni na mmoja wa juu kabisa kifuani. Mizizi hiyo hupenya kati ya misuli ya shingo, huungana na kuachana, hupita juu ya ubavu wa kwanza na chini ya mtulinga, kisha huingia kwapani na kutawanyika mpaka ncha za vidole. Mahali hapo pa kuungana ndipo palipo na utajiri na hatari. Sindano moja ya ganzi ikifika pale, mkono wote hulala. Mvuto mmoja mkali, kichwa kikienda huku na bega likienda kule, huweza kuinyoosha mizizi hiyo, kuikata, au kuing'oa kabisa kutoka katika uti wa mgongo. Neva iliyokatika huweza kuota upya, lakini huota kwa mwendo wa takribani milimita moja kwa siku. Kutoka shingoni hadi kiganjani kwa mtu mzima ni safari ya karibu miaka miwili, na misuli haisubiri muda huo: ikikaa bila neva kwa mwaka mmoja hadi mmoja na nusu, hunyauka na kugeuka kitu kisichoweza tena kuamshwa. Ndiyo maana wapasuaji wa neva hutaka kumwona mgonjwa ndani ya miezi mitatu hadi sita. Mpwa wangu alifika wa kumi na mmoja.

Sasa turudi nyuma.

Mwezi Agosti 1872 David Livingstone aliondoka Unyanyembe, karibu na Tabora ya leo, akapita Ukonongo kuelekea kusini-magharibi, na Oktoba akaliona Ziwa Tanganyika. Njia hiyo ilikata nchi ambayo leo tunaiita Mkoa wa Katavi. Mzee huyo alikuwa na bega bovu. Mwaka 1844, huko Mabotsa katika Afrika Kusini ya leo, simba alimkamata mkono wa kushoto akauvunja mfupa wa juu, nao haukuunga vizuri. Ukabaki na kiungo cha bandia pasipo kiungo. Aliandika baadaye kwamba alipotikiswa na simba yule hakusikia maumivu wala hofu, bali aliingiwa na hali ya kuotaota, akaifananisha na wagonjwa walionuswa klorofomu. Mwanahistoria ataguna kidogo hapa: klorofomu ilianza kutumika kwa wagonjwa mwaka 1847, miaka mitatu baada ya simba. Livingstone aliazima neno la baadaye kueleza ganzi ya zamani, kama sisi sote tufanyavyo.

Alifariki Mei 1873 kijijini kwa Chitambo, katika Zambia ya leo. Susi, Chuma na wenzao waliukausha mwili, wakauzungushia gome la mti na turubai, wakaubeba. Walizunguka kusini mwa Ziwa Tanganyika, wakapanda hadi Unyanyembe, na kutoka hapo wakaufunga upya uonekane kama robota la nguo ili wenyeji wa njiani wasiukatae. Wakafika Bagamoyo Februari 1874, baada ya zaidi ya kilomita 1,500. Mwezi Aprili, jijini London, daktari mpasuaji Sir William Fergusson aliupapasa mfupa wa mkono wa kushoto, akalikuta lile vunjiko la simba, akathibitisha kwamba huyu ni Livingstone kweli. Siku chache baadaye akazikwa Westminster Abbey.

Mimi huwaambia wanafunzi wangu waitazame picha hiyo kwa muda mrefu. Kuna mkono mmoja ambao bara zima la Ulaya lilijua ulivunjika lini, wapi na na mnyama gani. Na kuna mabega yaliyoupeleka mkono huo pwani, ambayo hakuna daktari aliyeyagusa.

Tunayojua juu ya mabega hayo tunayajua kwa pembeni. Wasafiri wa karne ya 19 waliandika kwamba watu wa pwani hubeba mzigo kichwani, lakini Wanyamwezi na jirani zao hubeba begani. Robota la nguo lilibanwa kwa vijiti likawa refu na gumu. Vitu vingine vilibebwa kwa mzega, ncha mbili za mti mmoja. Na pembe ya ndovu ililala yenyewe juu ya bega. Uzito wa kawaida ulikuwa frasila mbili, yaani kilo thelathini na kitu, mbali na chungu, mkeka, chakula na silaha ya mpagazi mwenyewe. Waliona ngozi iliyochubuka na sugu zilizovimba. Hapo wakaishia, kwa kuwa ngozi ndiyo inayoonekana. Wakonongo walikuwa sehemu ya ulimwengu huo wa upagazi, na njia za kwenda Mpimbwe, Ufipa na ziwani zilipita kwao.

Je, mzigo wa begani huharibu neva? Karne ya 20 ilijibu, ingawa si kwa ajili ya wapagazi. Madaktari wa majeshi waliwaona askari vijana, wenye afya, waliotembea siku nyingi na mikoba mizito mgongoni, wakishindwa ghafla kunyanyua mkono. Mkanda ulikuwa umeibana na kuivuta mizizi ya juu ya neva, bega likapooza, na kwa wengine mfupa wa bega ukachomoza nyuma kama bawa. Wengi wao hupona kwa miezi kadhaa wakipumzishwa na kuondolewa mzigo. Ukisoma hayo kisha ukafikiria mpagazi wa 1872 ambaye ujira wake ulitegemea kuufikisha mzigo, swali la kupumzika linajijibu. Sina daftari la kunionyesha ni wangapi, na sitabuni idadi. Ninachoweza kusema ni kwamba mwili wa binadamu ni uleule, na uzito ni uleule.

Kuna kisa kimoja cha Katavi ambacho kingechekesha kama kisingeishia kwa damu. Mwaka 1879 Mbelgiji Ernest Cambier alianzisha kituo Karema, kando ya Ziwa Tanganyika, kwa niaba ya jumuiya aliyoiunda Mfalme Leopold II. Upagazi uliwaudhi Wazungu hao: wapagazi walidai ujira, waligoma, walitoroka. Mfalme akapata wazo. Mwaka huohuo tembo wanne waliofunzwa kazi waliletwa kutoka India, wakateremshwa pwani karibu na Dar es Salaam chini ya Frederick Carter, ili ithibitike kwamba mgongo wa tembo unaweza kuchukua nafasi ya bega la mtu. Tembo walikufa mmoja baada ya mwingine, na Carter mwenyewe, pamoja na mwenzake Cadenhead, aliuawa Mpimbwe mwezi Juni 1880 katika vita vya wakati wa Mirambo. Mpango ukafa. Mabega yakaendelea. Ninapenda kisa hiki kwa sababu kinaonyesha kwamba wakubwa walikuwa wanalifikiria sana bega la Mwafrika. Walilifikiria kama gharama.

Mwaka 1885 Karema ilikabidhiwa kwa Wamisionari wa Afrika, wale tuwaitao Mababa Weupe, na mwaka 1889 akafika hapo mtu ambaye kila mwanafunzi wa Katavi anapaswa kumjua: Adrien Atiman. Alizaliwa katika nchi ya mto Niger, akatekwa utotoni, akavushwa jangwa la Sahara kama mtumwa, akakombolewa na wamisionari huko Algeria. Kardinali Lavigerie akampeleka Malta kusomea udaktari. Alifika Karema akiwa kijana, akatibu watu hapo mpaka kifo chake mwaka 1956. Miaka 67 mahali pamoja! Sijui mtumishi wa umma wa leo ambaye angekubali barua ya namna hiyo ya uhamisho.

Zingatia miaka. Mwaka 1874, mwaka ule mkono wa Livingstone ulipopapaswa London, Wilhelm Erb wa Heidelberg alieleza mahali shingoni ambapo mizizi miwili ya juu huungana, na jinsi jeraha la hapo linavyolegeza bega na kiwiko lakini likaacha vidole. Mwaka 1884, Atiman akiwa bado mwanafunzi Malta, katika mkutano wa madaktari mjini Heidelberg ilitangazwa kazi ya Karl Koller wa Vienna: tone la kokeini huondoa maumivu ya jicho bila kumlaza mgonjwa. Muda mfupi baadaye William Halsted huko New York akaipeleka dawa hiyo kwenye neva zenyewe, ikiwemo mizizi ya mkono aliyoifunua kwa kisu. Naye akalipa kwa kuwa mtumwa wa kokeini. Mwaka 1885 Augusta Klumpke, mwanamke kijana aliyekuwa akisomea udaktari Paris, akaeleza upande wa pili wa ramani: jeraha la mizizi ya chini, ambalo huua kiganja likaacha bega. Mwaka 1911 Mjerumani Kulenkampff akajichoma mwenyewe sindano juu ya mtulinga ili kuthibitisha kwamba ganzi ya mkono mzima yawezekana bila kupasua ngozi. Ndiyo sindano niliyochomwa mimi, isipokuwa mimi nilichomwa chini ya macho ya mashine ya ultrasaundi, maana pafu liko karibu mno na hapo, na yeye aliongozwa na kidole tu.

Kwa hiyo kufikia mwaka 1911, nchi yetu ikiwa chini ya Wajerumani, ramani ya neva za mkono ilikwisha kuchorwa. Haikuwa siri. Kilichofuata kinaniumiza zaidi kama mwanahistoria. Vita Kuu ilipofika Afrika Mashariki, pande zote zilikamata mamia ya maelfu ya watu kubeba risasi, unga na mizinga kwa mabega na vichwa. Hospitali za Ulaya katika vita hiyohiyo zilifundisha kizazi kizima cha wapasuaji juu ya neva zilizokatwa na risasi. Huku kwetu walihesabiwa waliokufa kwa kuhara, homa ya mapafu na njaa, nao walihesabiwa vibaya. Aliyerudi kwao na mkono usionyanyuka alihesabiwa kuwa amerudi.

Lugha imehifadhi kitu hapa. Neno letu nusukaputi, husemwa, ni nusu la Kiswahili na kaputi la Kijerumani: mtu aliyekufa nusu. Ganzi ni neno letu wenyewe, la mguu uliokaliwa vibaya barazani. Inafaa tukumbuke kwamba nusukaputi ilikuja na dola, ilhali ganzi tulikuwa nayo. Tulichokosa ni sindano ya kuileta kwa makusudi na utaratibu wa kuigundua isipoondoka.

Reli ilifika Mpanda mwaka 1950, tawi la kilomita zipatazo 210 kutoka Kaliua, likijengwa kwa ajili ya mgodi wa risasi wa Mukwamba. Hatimaye bega likapata mbadala wa tembo. Mgodi ulifungwa mwaka 1960, reli ikabaki, na ndiyo iliyomlea mji. Wakimbizi wa Burundi waliokuja baada ya 1972 na kufungua misitu ya Katumba, kisha Mishamo, walibeba tumbaku na mahindi yao mpaka kwenye malori. Wachimbaji wadogo wa dhahabu wanabeba mawe. Makuli wanabeba mpunga. Na tangu pikipiki za bei nafuu zilipoenea, bega la Katavi limepata adui mpya, mwenye kasi kuliko mzigo wowote wa karne ya 19. Sheria ya kofia ngumu ni njema na naiunga mkono. Kofia huokoa fuvu, lakini mizizi ya neva haiko ndani ya fuvu, na majeruhi aliyenusurika kwa kofia huweza kuwa ndiye anayeamka na mkono uliokufa.

Sasa nizungumze na ninyi watumishi wa umma mnaonisoma. Nilimsindikiza mpwa wangu katika ofisi moja kuomba msaada. Fomu ilikuwa na mstari usemao: kiungo kilichopotea. Karani, kijana mstaarabu, alimtazama, akahesabu mikono miwili, akaandika: hakuna. Sikumlaumu. Fomu ile ina ukoo mrefu. Sheria ya fidia tuliyoirithi kutoka kwa wakoloni, iliyodumu kama Sura ya 263 mpaka ilipofutwa na sheria ya 2008, ilikuwa na jedwali lenye kupima hasara kwa asilimia, kiungo kwa kiungo. Mantiki ya kuhesabu viungo ni rahisi kuliko mantiki ya kupima kazi ambayo kiungo kilichobaki hakiwezi kufanya. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi ulioanza 2015 umejengwa juu ya mwajiri anayemchangia mwajiriwa. Dereva wa bodaboda anayeendesha pikipiki ya mtu mwingine kwa hesabu ya kila jioni mwajiri wake ni nani? Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ya 2023 inaweza kujibu upande wa matibabu, kama utekelezaji wake utazingatia muda. Bima inayolipa mwezi wa kumi na mbili upasuaji uliotakiwa mwezi wa nne imelipa kitu kingine.

Wala sidai kila wilaya iwe na mpasuaji wa neva. Wapasuaji hao ni wachache hata Dar es Salaam, na kazi yao ni ngumu: kuunganisha neva kwa kipande kilichotolewa mguuni, au kuazima uzi mmoja kutoka neva nzima ya jirani na kuupa msuli wa kukunja kiwiko, kama alivyoonyesha Mfaransa Oberlin mwaka 1994. Ninachodai ni pini na dakika tano. Kila aliyeanguka pikipiki na kuumia bega aombwe kunyanyua mkono, kukunja kiwiko, kunyoosha kifundo, kufumba na kufumbua vidole; achomwe pini akiwa amefumba macho; iandikwe katika kadi; aitwe tena baada ya wiki sita. Asipoonyesha dalili ya kurudi mwezi wa tatu, apewe rufaa. Mama mzazi ambaye mtoto wake alikwama mabega wakati wa kuzaliwa na sasa hanyanyui mkono mmoja, atendewe vivyo hivyo. Watoto hao wengi hupona wenyewe, na ndiyo sababu wasiopona husahaulika. Mkoa huu ulizaliwa rasmi mwaka 2012, ukiwa umemegwa kutoka Rukwa. Taratibu zake bado ni changa, na kitu kichanga ni rahisi kukifunza.

Mwezi uliopita nilikuwa Mpanda. Mpwa wangu sasa ana kibanda cha kuchaji simu na kuuza vocha, kazi ya mkono mmoja. Mkono wa kushoto ameuingiza katika mfuko wa koti hata wakati wa jua kali, ili usiyumbe. Kinachomsumbua zaidi, alinieleza, si udhaifu. Ni kwamba mkono ule usiosikia pini humwamsha saa nane za usiku ukiwaka moto, vidole vikijihisi kama vinapondwa mlangoni. Madaktari wanalijua jambo hilo, hasa kwa mizizi iliyong'olewa. Majirani hawaliamini.

Alinisindikiza stesheni. Makuli walikuwa wakipakia magunia ya mchele, kila mmoja akiinamisha shingo upande mmoja ili gunia likae begani. Aliwatazama, kisha akaniuliza: "Mjomba, siku ile yako, ulijuaje kwamba unarudi?"

Nikamwambia ukweli: kilianza kidole gumba. Akautoa mkono mfukoni kwa kutumia ule mwingine, akauweka juu ya mapaja yake, nasi tukakaa tukikitazama kidole kile mpaka treni ilipopiga honi.